Juma Mgunda na wenzake: wanaitwa moto ukishawaka, ukizimika wanarudishwa pembeni

Mwana Temeke

Wakuu, heshima kwenu wote, wenye timu na wasio na timu.

Klabu kubwa za hapa Dar zikiachana na kocha wa kigeni, taarifa inayotoka huwa na aya mbili. Ya kwanza inamshukuru anayeondoka na kumtakia kila la heri. Ya pili inasema timu itakuwa chini ya fulani wakati mchakato wa kumpata kocha mkuu ukiendelea. Huyo fulani wa aya ya pili ndiye ninayetaka tumjadili.

Mara nyingi ni mchezaji wa zamani. Alicheza ligi, akavaa jezi ya Taifa Stars, akastaafu, akakaa darasani na vijana wa umri wa wanawe kusoma kozi za ukocha, kisha akazunguka na timu za mikoani ambako mshahara unachelewa na basi linaharibika porini. Nitamtumia Juma Mgunda kama mfano, kwa sababu safari yake tumeiona wenyewe.

Kwa wadogo zetu: Mgunda ni mshambuliaji wa zamani wa Coastal Union ya Tanga. Alikuwemo kwenye kikosi cha Wagosi wa Kaya kilichobeba ubingwa wa Tanzania Bara mwaka 1988. Ubingwa ule si kitu cha kupita hivi hivi. Hesabuni ni mara ngapi kombe limekwenda nje ya Dar: Mseto ya Morogoro 1975, Tukuyu Stars ya Mbeya 1986, Coastal 1988, Mtibwa Sugar 1999 na 2000. Hapo umemaliza. Azam 2014 ni Dar hii hii, Chamazi. Kwa hiyo mtu aliyeubeba ule wa 1988 kwao Tanga ni kama mtume, na ndiyo maana Coastal kila wakikwama walikuwa wanamrudia yeye.

Julai 2022 aliipeleka Coastal fainali ya Kombe la Shirikisho pale Sheikh Amri Abeid, Arusha, dhidi ya Yanga ambayo ilikuwa imeshachukua ubingwa wa ligi. Matokeo 3-3, na mabao yote matatu ya Coastal aliyafunga dogo mmoja, Abdul Suleiman "Sopu". Yanga wakashinda kwa matuta. Kwenye mechi ile mmoja alinyanyua kombe na mwingine akapata jina, maana Sopu alitua Azam baada ya pale. Kocha wake akarudi Tanga.

Septemba 2022 ndipo moto ukawaka Msimbazi, kwa Simba. Kocha Zoran Maki, ambaye hata hajapafahamu vizuri Kariakoo, akaondoka msimu ukiwa ndiyo kwanza umeanza. Simba ina safari ya Malawi siku chache mbele kucheza na Nyasa Big Bullets Ligi ya Mabingwa. Akapigiwa simu Mgunda.

Akaenda Malawi, akashinda 2-0. Marudiano Kwa Mkapa, 2-0 tena. Raundi iliyofuata, Primeiro de Agosto ya Angola: 3-1 kule Luanda, 1-0 hapa nyumbani. Makundi hayo. Mechi nne za Afrika, ushindi mara nne, bao moja tu la kuruhusu. Dabi ya Oktoba sare ya 1-1 na Yanga. Watu wakaanza kumwita Guardiola Mnene kwa zile pasi fupi fupi, na sauti zikaanza kusikika vijiweni kwamba huyu apewe mkataba.

Januari 2023 ikaja taarifa nyingine. Kocha mkuu ni Roberto Oliveira "Robertinho", kutoka Vipers ya Uganda. Mgunda anakuwa msaidizi.

Hakununa hadharani, hakwenda redioni kulia. Alikaa pale pale benchi, msimu ule Simba ikafika robo fainali na kutolewa na Wydad kwa matuta kule Casablanca. Nani anakumbuka aliyeivusha kuingia makundi?

Hoja yangu ndiyo hiyo. Wachezaji wetu wa zamani waliosomea ukocha hawapimwi kwa kazi ya ukocha mkuu. Wanapimwa kwa kazi ya zimamoto, halafu tunasema hawana uwezo wa kujenga nyumba. Karibuni.

---

Jangwani Damu

Nyie makolo wa Simba mna tabu. Mtu mmemfanya kaimu halafu mnakuja kulia huku kama sisi ndio tuliomshusha. Nimekaa paleee nasoma.

---

Mwana Temeke

Jangwani Damu, usijifiche. Novemba 2019 alipoondoka Mwinyi Zahera nani alishika Yanga? Charles Boniface Mkwasa, mchezaji wenu wa zamani. Na Machi 2021 mlipomwondoa Kaze, nani alikaa mpaka Nabi alipotua? Juma Mwambusi, yule aliyeipandisha Mbeya City na msimu wa kwanza tu Ligi Kuu akamaliza nayo nafasi ya tatu. Ugonjwa ni mmoja, Msimbazi ya Simba na Jangwani ya Yanga zimetenganishwa na mwendo wa bodaboda tu.

---

Babu Gerezani

Vijana, hamjambo. Nimesoma na nimefurahi kwamba bado kuna watu wanaandika mpira badala ya matusi. Ila mleta mada umeanza hadithi katikati.

Kabla ya huyo Mgunda alikuwepo Abdallah Kibadeni, King Mputa. Mimi nilikuwa kijana wa kubeba mizigo sokoni wakati Simba inaifunga Yanga sita bila, Julai 19, 1977. Kibadeni alifunga matatu peke yake, Jumanne Hassan Masimenti mawili, na moja Selemani Sanga wa Yanga alijifunga. Miaka karibu hamsini imepita na mabao matatu ya mtu mmoja kwenye dabi bado yanatajwa kwa jina lake. Na miaka mitatu kabla ya hapo, 1974, alikuwa na Simba ile iliyofika nusu fainali ya Klabu Bingwa Afrika, ikatolewa na Mehalla ya Misri kwa penalti.

Sasa huyo mtu alipotundika viatu akawa kocha, na mwaka 1993 akaipeleka Simba fainali ya Kombe la CAF. Kipa Mohamed Mwameja, nyuma George Masatu, mbele kina Edward Chumila. Waliwatoa Waarabu wa El Harrach, wakawatoa Aviação wa Angola. Fainali ya kwanza Abidjan na Stella, bila bila. Mji huu haukulala. Watu walikuja na mabasi kutoka Morogoro na Tanga. Uwanja wa Taifa, huu tunaouita Uhuru siku hizi, ulijaa mpaka watu wakakaa juu ya paa za magari nje wakisikiliza redio. Rais Mwinyi mwenyewe alikuwepo jukwaani.

Tukafungwa mbili. Jina la Boli Zozo nimelichukia mpaka leo.

Lakini nataka mtazame jambo moja. Kibadeni hakuwa ameshikishwa timu huku viongozi wanamngoja Mzungu ashuke uwanja wa ndege. Alikuwa kocha. Alijua wiki ijayo atakuwepo, na wachezaji walijua atakuwepo. Mchezaji akishajua kocha ana wiki tatu tu, atamsikiliza kwa adabu na kufanya anavyotaka. Hiyo nimeiona hata kwenye timu za mtaani.

Na ajabu ya mpira: 2013, akiwa ametoka kufanya vizuri na Kagera Sugar, Simba wakamrudisha. Hata huo mwaka haukuisha, akaondolewa na kuletwa Logarusic. King Mputa yule yule, klabu ile ile.

---

Mshika Kibendera

Naomba niwe mchawi wa uzi huu.

Tunaongea kwa hisia. Nyasa Big Bullets ni timu ya kawaida. Primeiro de Agosto ya mwaka ule haikuwa ile ya zamani. Mgunda alikuta kikosi kina Chama, kina Moses Phiri ambaye alikuwa anafunga hata akiwa amelala, kina Inonga na Onyango nyuma. Nani angeshindwa? Na mkumbuke wiki ile ile baada ya dabi alifungwa na Azam 1-0, bao la Prince Dube.

Mkwasa naye mmemtaja. Alipewa Taifa Stars 2015 baada ya Mart Nooij. Akatoka suluhu na Nigeria hapa Dar, akatoka 2-2 na Algeria, nchi nzima ikaimba. Siku tatu baadaye, Blida, saba bila. Saba! Siku ile niliamua kwamba uzalendo ubaki kwenye wimbo wa taifa, benchi akae anayejua.

---

Mwana Temeke

Mshika Kibendera, hoja yako ina nguvu na nitaijibu kwa mpira.

Unasema nani angeshindwa. Oktoba 2021 Simba ilikwenda Botswana, ikamfunga Jwaneng Galaxy 2-0. Marudiano Kwa Mkapa watu walikuja na watoto, kama wanakwenda harusini. Galaxy wakashinda 3-1, Simba nje kwa mabao ya ugenini. Kocha Didier Gomes akaondoka baada ya hapo. Kikosi kile nacho kilikuwa kizuri, na Galaxy nao tuliwaita timu ya kawaida.

Kwa hiyo Mgunda aliporudi kutoka Luanda na 3-1 mfukoni, hakuna mtu Dar aliyecheza ngoma. Mimi nilikuwa Kwa Mkapa siku ya marudiano na uwanja ulikuwa na hofu, unaisikia kabisa kwenye makofi. Alichofanya ni kucheza ile mechi kama ndiyo ya kwanza. Hakurudisha timu nyuma kulinda. Walibaki na mpira, Phiri akafunga, mechi ikafa. Huo ni uamuzi wa kocha, si wa Chama.

Azam 1-0, kweli. Lakini angalia upande wa pili wa benchi alikuwa nani. Kally Ongala, mshambuliaji wa zamani wa Yanga na wa Azam yenyewe, naye akiwa ameshikishwa timu siku chache tu baada ya Denis Lavagne kuondoka. Yaani mechi kubwa ya Ligi Kuu, mabenchi yote mawili wamekaa wazima moto! Kally akaendelea na Azam mpaka fainali ya Kombe la Shirikisho 2023, akiitoa Simba hiyo hiyo nusu fainali kule Mtwara, akafungwa na Yanga 1-0 Mkwakwani. Zawadi yake? Msimu mpya ukaanza na Youssouf Dabo.

Blida siwezi kuitetea. Saba ni saba. Ila sijasema wazawa hawafungwi. Robertinho alifungwa 5-1 na Yanga Novemba 2023, kibarua kikaota nyasi siku mbili baadaye, na hakuna aliyesema tuachane na Wabrazili.

---

Kiungo Mkabaji

Habari wakuu. Mimi nimecheza, si kwa ukubwa wa hao mnaowataja, daraja la kwanza na la pili, na sasa nafundisha. Niongeze upande ambao mtu wa jukwaani haoni.

Ukistaafu mpira Tanzania unastaafu na magoti mabovu na jina. Jina linadumu kama miaka miwili. Ukisema unataka ukocha, unaanza na leseni D, unakwenda C, halafu B, halafu A, na juu kabisa ipo Pro. Ngazi moja haikufikishi nyingine kwa sababu tu una pesa. Lazima ufanye kazi katikati, uonekane na timu, usubiri kozi ifunguliwe, upate nafasi. Kozi za chini zipo mara kwa mara, hizi za juu ndiyo mtihani. Nafasi chache, mnaoitaka wengi, na ada unaitoa mwenyewe kama klabu yako haina moyo. Nimeona mchezaji aliyekuwa anaimbwa uwanja mzima amekaa dawati la nyuma anauliza jirani yake namna ya kuandika mpango wa mazoezi wa wiki. Si mjinga, hajawahi kuambiwa tu kwamba mazoezi huwa yanaandikwa.

Na leseni si karatasi ya kuremba ukuta. CAF walipokaza masharti mwaka 2021, Didier Gomes mwenyewe hakuruhusiwa kukaa kama kocha mkuu kwenye mechi za Afrika, Simba ikabidi imlete Hitimana Thierry aliyekidhi vigezo. Sasa mzawa ambaye hana A, hata kama anaijua timu kuliko wote, kwenye mechi ya Afrika anakuwa mtazamaji mwenye jezi ya benchi.

La pili ni kusajili. Kocha wa kigeni anakuja Julai, anakaa na viongozi, anasema nataka beki wa kushoto na namba sita. Zimamoto anaingia Oktoba au Aprili. Anakuta wachezaji wa mtu mwingine, utimamu wa mwili alioutengeneza mtu mwingine, na nusu ya timu imeshaanza kumpigia simu wakala. Mimi nilipewa timu hivyo katikati ya msimu, klabu siitaji. Niliambiwa "wewe tusukumie tu". Tukabaki darajani. Msimu mpya ukaanza nikasoma kwenye mtandao kama ninyi kwamba kuna kocha mpya.

Mikoani ndiko mzawa anajenga kweli, kwa sababu hakuna pesa ya kumleta mwingine. Fred Felix Minziro, beki wa kushoto wa zamani wa Yanga, aliipandisha Geita Gold na msimu wake wa kwanza Ligi Kuu akamaliza nafasi ya nne, timu ikacheza mashindano ya Afrika, na George Mpole akawa mfungaji bora kwa mabao 17 mbele ya Mayele wa Yanga. Zuberi Katwila, mtu wa Mtibwa, akachukua na Mtibwa Kombe la Shirikisho 2018. Mecky Mexime alikuwa kwenye Mtibwa ile ya ubingwa wa mfululizo, akaja kuifundisha Mtibwa yenyewe na Kagera kwa miaka.

---

Dada wa Kinondoni

Kaka Kiungo, umeongea. Naona mmeruka sehemu moja ya safari ya Mgunda, na mimi ndiyo niliyoifuatilia kwa karibu: Simba Queens.

Msimu wa 2022/23 ubingwa wa wanawake ulikwenda JKT Queens. Mgunda akahamishiwa Queens, na kuna watu walicheka, wakasema amepewa kazi ya kustaafia. Msimu wa 2023/24 akarudisha kombe Msimbazi. Niliwaona pale KMC Complex, timu inacheza kwa utulivu, mabinti wanapigiana pasi kutoka nyuma, hawabutui. Ukiwauliza wachezaji wanasema mzee anafundisha kwa kuongea, hafokei.

Na si yeye wa kwanza. Mkwasa mnayemkumbuka kwa Blida ndiye aliyeipeleka Twiga Stars, timu ya taifa ya wanawake, fainali za Afrika kule Afrika Kusini mwaka 2010. Ile ndiyo kazi bora ya Mkwasa kuliko zote, na hamjaitaja hata mmoja hapa. Mnahesabu makombe ya wanaume tu.

Halafu nauliza, wachezaji wa kike waliogeuka makocha mnawajua? Esther Chabruma, tuliyekuwa tunamwita Lunyamila kwa zile mbio za pembeni, ameifundisha JKT Queens mpaka Ligi ya Mabingwa ya wanawake Afrika, Ivory Coast 2023. Edna Lema kacheza Twiga Stars, kafundisha Yanga Princess. Wao hata uzimamoto wa timu ya wanaume hawapigiwi simu. Uzi wao nitauanzisha mwenyewe, maana nikiwasubiri ninyi tutazeeka.

---

Babu Gerezani

Binti, uanzishe. Nitakuwa wa kwanza kuchangia.

---

Jangwani Damu

Sasa nitoke paleee.

Mnasema mzawa akipewa muda atafanya. Hemed Suleiman Morocco alipewa Stars katikati ya AFCON kule Ivory Coast, kocha Amrouche alipofungiwa na CAF. Akatoka 1-1 na Zambia, bila bila na Kongo. Akaachiwa timu. Novemba 2024 akamfunga Guinea 1-0 Kwa Mkapa, bao la Msuva, tukafuzu AFCON ya Morocco. Huyo alipewa muda, sikatai. Lakini mwaka mmoja baadaye, mashindano yamekaribia, TFF wakamweka pembeni wakamchukua Gamondi. Tukaanza kulia uzalendo. Matokeo? Stars ikavuka makundi kwa mara ya kwanza tangu dunia iumbwe. Kwa mgeni.

Na Gamondi huyo tuliyemfundisha sisi Yanga mji wa Dar ulivyo. Karibuni mtoe pole.

---

Mwana Temeke

Jangwani, umeleta mfano mzuri kuliko ulivyokusudia. Gamondi alikuwa anatumikia Singida Black Stars na Stars akapewa kwa muda tu. Yaani zamu hii zimamoto alikuwa mgeni, na kazi ikaenda! Lakini timu aliyoikuta nani aliijenga? Wachezaji walikuwa ni wale wale waliofuzu na kocha Morocco. Alipoivusha makundi tukasema ni ubora wake. Mgunda alipoivusha Simba kuingia makundi, mkasema ni kikosi alichokikuta. Chagueni mizani moja, mimi nitaikubali yoyote.

Tena Mgunda alirudia ile kazi. Aprili 2024 kocha Benchikha akaondoka, Simba imeshachoka, ubingwa unaelekea Jangwani. Wakamtoa Queens wakamrudisha timu kubwa pamoja na Selemani Matola. Mei 9 wakamfunga Azam 3-0. Mwisho wa msimu Azam na Simba pointi sawa, 69, Azam wakachukua nafasi ya pili kwa tofauti ya mabao. Msimu ukaisha, akaletwa Fadlu Davids.

Fadlu sina ugomvi naye, aliifikisha Simba fainali ya Shirikisho Afrika. Lakini tazameni alikotoka. Mshambuliaji wa zamani, aliyefanya kazi miaka mingi kama msaidizi, na alipotua Dar alikuwa anatoka kuwa msaidizi Raja. Kwa hiyo usaidizi wa Casablanca ni shule, usaidizi wa Msimbazi ni kitanda cha kusubiria. Matola amesaidia makocha wangapi pale? Tukianza kuwataja majina hapa jioni itaingia.

Wenzetu wa Afrika Kusini walimpa Pitso Mosimane timu Desemba 2012, Sundowns ikiwa hoi. Ubingwa wa Afrika ulikuja 2016. Katikati pale kulikuwa na misimu ambayo hapa Dar angekuwa ameshafungashiwa virago mara tatu.

Ninachotaka ni kidogo sana. Klabu moja kati ya hizi tatu za Dar imtangaze mzawa mwezi wa Juni, imkabidhi usajili, imwache aende kambi na timu yake. Akifeli Desemba, afukuzwe kama wanavyofukuzwa wengine, hakuna atakayelia.

Mgunda mwenyewe Oktoba 2024 alichukuliwa na Namungo, Ruangwa huko. Na nadhani mnaweza kukisia alichukua nafasi ya nani katikati ya msimu. Mwinyi Zahera.

---

Kiungo Mkabaji

Hahaha, kwa hiyo hata Lindi walimwita king'ora kikiwa kinalia.

---

Mshika Kibendera

Nimesoma mpaka mwisho na bado siafiki. Fadlu hakuwa msaidizi maisha yake yote, alishakuwa kocha mkuu Maritzburg ya Afrika Kusini na akawafikisha fainali ya Kombe la Nedbank 2018.

---

Mwana Temeke

Na Mgunda alishakuwa kocha mkuu Coastal na akawafikisha fainali ya Shirikisho 2022.

---

Mshika Kibendera

Maritzburg si Coastal. Ligi ya kule si ya huku, ushindani, viwanja, pesa, kila kitu. Leta hoja nyingine kesho, leo nina zamu ya usiku.